Maji ya Boila ya Nyumbani: Namna ya Kuyasoma, Kuyaongeza na Kuyalinda Msimu wa Baridi

"Kioo kimekauka, niongeze maji?" "Maji yamejaa mpaka juu, ni sawa?" "Mbona yanacheza-cheza?" Maswali haya matatu huanza kuniingia kwenye simu baridi ya kwanza ya Oktoba, na hayakatiki mpaka Aprili. Wanaouliza ni ndugu zetu waliohamia Worcester, Lowell na miji ya jirani hapa Massachusetts, wakanunua nyumba za zamani za mbao, zile za ghorofa tatu, na chini ya nyumba wakakuta dude la chuma lenye moto tumboni, yaani boila ya kupasha nyumba joto. Kwetu boila tuliyoizoea ni ya kiwanda cha chai au ya jikoni kwenye shule ya bweni, na ilikuwa na mtu wake. Hapa mtu wake ni wewe.

Kabla ya lolote, shika hili, kwa sababu simu inaweza kukatika kabla hujanipata: ukikuta kioo cha kuonyesha maji ubavuni mwa boila ni kikavu na boila ni ya moto, usiongeze maji. Zima moto, subiri ipoe. Unajua kinachotokea ukimimina maji baridi kwenye chungu kikavu kilichosahaulika mafigani. Boila nyingi za nyumbani ni chuma cha kusubu, nacho hupasuka vivyo hivyo. Ikipasuka unanunua nyingine, katikati ya baridi, kwa maelfu ya dola.

Boila yako ni ya aina gani?

Shuka chini uitazame. Ukiona bomba dogo la kioo limesimama ubavuni, lina koki juu na koki chini, hiyo ni boila ya mvuke. Rejeta zake, yaani vile vyuma vya vyumbani vinavyotoa joto, mara nyingi zina kidude kidogo cha fedha ubavuni kinachopumua "sss" joto linapopanda. Hicho nitakiita kipumuo. Karibu mwongozo huu wote ni wa boila ya namna hii.

Kama hakuna kioo, ila kuna geji ya mviringo ya kupimia shinikizo na tangi dogo mfano wa mtungi limening'inia kwenye mabomba, hiyo ni boila ya maji moto. Maelezo yake ni mafupi, nimeyaweka mbele kidogo. Na kama joto linakuja kama upepo kupitia matundu ya sakafuni au ukutani, kwa kawaida huna boila, huna maji ya kuangalia.

Kama umepanga, boila ni mzigo wa mwenye nyumba. Usiiguse bila makubaliano. Kanuni za afya za Massachusetts zinamtaka mwenye nyumba ahakikishe joto la nyuzi 68 za Fahrenheit mchana na 64 usiku wakati wa msimu wa baridi. Jijini New York ni 68 mchana kukiwa na baridi chini ya nyuzi 55 nje, na 62 usiku, kuanzia Oktoba 1 mpaka Mei 31, na malalamiko hupigwa namba 311. Mpigie mwenye nyumba, umwandikie na ujumbe ili pawe na ushahidi.

Vitu vya kuwa navyo

- Tochi yenye mwanga mkali.
- Ndoo ya chuma ya galoni mbili au zaidi. Ndoo ya plastiki nyepesi hulegea kwa maji yanayokaribia kuchemka.
- Glavu nzito, miwani ya kukinga macho, viatu vya kufunika mguu. Kandambili ziache juu.
- Utepe wa rangi au kalamu ya wino mzito.
- Daftari dogo lenye kalamu iliyofungwa kwa uzi, litundikwe hapohapo kwenye boila.
- Kengele ya kaboni monoksidi inayofanya kazi, kila ghorofa. Gesi hii ni sumu na haina harufu.

Tafuta pia swichi ya dharura. Mara nyingi ina kifuniko chekundu, na hukaa juu ya ngazi za kushukia chini. Kila mtu mzima wa nyumba hiyo aijue, na bibi aliyekuja kutembea, naye aonyeshwe.

Sasa jua koki zako tatu. Ya kwanza inaingiza maji safi kwenye boila kutoka kwenye bomba la jiji. Ya pili iko chini kabisa ya boila, ni ya kumwaga maji yote. Ya tatu iko chini ya kidude cha chuma chenye waya, kimekaa karibu na usawa wa maji. Kidude hicho mimi nakiita mlinzi: ndani yake kuna boya, kama lile la tangi la choo, na maji yakishuka sana boya linashuka, linakata umeme, moto unazima. Funga kikaratasi kwenye kila koki uandike kazi yake. Saa nane za usiku, ukiwa na usingizi na watoto wanalia baridi, koki zote hufanana.

Kazi yenyewe, hatua kwa hatua

1. Soma kioo boila ikiwa imetulia. Shuka asubuhi kabla moto haujawaka, au zima na usubiri kama nusu saa. Maji yaliyopanda juu kama mvuke yanahitaji muda kurudi chini, na anayesoma kioo moto ukiwa umezimika punde hudhani yamepungua, akaongeza, kisha yale ya juu yakarudi, boila ikafurika. Maji yasimame kati ya nusu ya kioo na theluthi mbili. Kama kiwanda kimeweka alama kwenye bati la boila au kwenye kitabu chake, fuata alama hiyo. Bandika utepe usawa huo.

Kioo kikiwa safi na maji yakiwa safi, mpaka wa maji ni mgumu kuuona. Chukua kadi nyeupe, chora mistari ya mshazari kwa wino mweusi, iweke nyuma ya kioo. Penye maji mistari itaonekana imelala upande wa pili, na pasipo na maji itabaki ilivyo. Pale inapogeuka ndipo maji yalipoishia. Kadi yangu nimeitumia misimu sita.

2. Tazama tena ikiwaka. Maji yatashuka kidogo na yatacheza juu na chini. Mchezo wa kama nusu inchi mpaka inchi moja si ugonjwa. Yakiruka kioo kizima, au yakipotea kwa sekunde kadhaa na kurudi, nenda kwenye sehemu ya matatizo.

3. Hakikisha kioo kinasema kweli. Kioo kinaweza kuonyesha nusu huku boila ni kavu, kwa sababu tope limeziba njia. Boila ikiwa imezimwa na imepoa, fungua taratibu kikoki kidogo chini ya kioo, maji yatoke kwenye kikombe, kisha ufunge. Maji yarudi kwenye usawa wake upesi. Yakipanda kwa kujikokota, njia imeziba na kioo hicho usikiamini mpaka kisafishwe. Fanya hivi mara moja kwa mwezi.

4. Mwaga tope la mlinzi, kila wiki. Hatua hii ndiyo watu wanaiacha, na kuiacha ndiko kunakoua boila. Kutu na tope hutulia chini ya boya, na siku maji yakikauka kweli boya limeganda palepale juu, moto unaendelea kuwaka.

Panga siku moja, tuseme Jumamosi asubuhi. Pandisha thamostati, kile kidude cha ukutani cha kupangia joto, ili moto uwake. Vaa glavu na miwani. Weka ndoo chini ya bomba la mlinzi, mdomo wa bomba uingie ndani ya ndoo. Fungua koki pole, kisha kwa nguvu zaidi. Yatatoka maji ya rangi ya chai ya maziwa, baadaye chai ya rangi, baadaye karibu meupe. Hapo funga. Kwa kawaida ni nusu ndoo au chini ya hapo.

Wakati unamwaga, moto lazima uzime. Moto usipozima, mlinzi wako hafanyi kazi. Funga koki, zima swichi nyekundu, mwite fundi, na boila isiwashwe mpaka mlinzi atengenezwe au abadilishwe. Moto ukizima vizuri, funga koki, na ukishaona maji yamerudi kwenye kioo moto utawaka tena wenyewe, mara nyingine baada ya dakika chache.

Boila za karibuni zina mlinzi wa umeme asiye na boya wala koki ya kumwaga. Ni kidude kilichochomekwa ubavuni, chenye taa. Huyo hamwagwi kila wiki. Fundi humtoa na kumsafisha mara moja kwa mwaka.

5. Ongeza maji, ikibidi. Masharti ni mawili: maji yaonekane bado kwenye kioo, na yawe chini ya utepe wako. Fungua koki ya maji safi robo tu. Simama hapo. Macho kwenye kioo. Maji yakikaribia utepe, funga, hesabu dakika moja, tazama tena. Funga koki kwa uhakika, lakini usiikabe mpaka washa yake, ile pete ya kuzuia maji iliyo ndani, iharibike.

Usiondoke. Januari moja alinipigia mama mmoja tunayesali naye, sauti inatetemeka: "Baba Neema, rejeta zinatema maji kwenye zulia!" Nikamwambia, "Mama, zima ile swichi nyekundu, nakuja." Alikuwa amefungua koki ya maji, akakumbuka basi la shule, akatoka kuchukua watoto. Dakika ishirini. Nilipofika, maji yalikuwa yamejaza boila, yakajaza mabomba, yakapanda mpaka rejeta za ghorofa ya kwanza, na kila kipumuo kilikuwa kinatiririsha maji ya kutu kwenye zulia la rangi ya maziwa. Nilipotazama kioo hakukuwa na mstari wowote, maji tupu kutoka chini mpaka juu. Tulingoja ipoe, tukafunga mpira kwenye koki ya chini, tukamwaga mpaka saa nne usiku. Zulia halikupona. Boila ilipona.

6. Chemsha baada ya kuongeza. Maji mapya ya bomba yamebeba oksijeni, na oksijeni ndiyo inayokula chuma. Ukiongeza, pandisha thamostati uiache boila ichemke walau robo saa ili hewa hiyo itoke. Kwa sababu hiyohiyo usiongeze maji usiku wa mwisho wa msimu ukayaacha mpaka Oktoba bila moto.

7. Andika. Tarehe, usawa uliokuta, umeongeza au hukuongeza, na kiasi gani. Mistari mitatu ya daftari humsaidia fundi kuliko nusu saa ya maelezo. Boila nzima inazungusha maji yaleyale: yanapanda mvuke, yanarudi maji. Ukiona unaongeza kila baada ya siku mbili tatu, maji yanatoka mahali.

Makosa ninayokutana nayo kila msimu

Kujaza kioo mpaka juu "ili yakae muda mrefu". Mvuke unahitaji nafasi ya kujikusanya juu ya maji. Ukiijaza, mvuke unapanda umelowa, unabeba maji, na mabomba yanaanza kupiga "kong! kong!" kama mtu anayegonga na nyundo. Joto linapungua, bili inapanda.

Kuamini kijazaji cha maji kinachojiendesha. Baadhi ya boila zina kifaa kinachoongeza maji chenyewe, na wenye nyumba hukipenda. Mimi sikipendi kikiachwa bila macho, maana kinaficha uvujaji: boila inapoteza maji kila siku, chenyewe kinafidia kila siku, oksijeni mpya inaingia kila siku, na chuma kinaoza wewe ukiona kioo kizuri. Kama unacho na kina namba za kuhesabu, ziandike kila wiki. Na kumwaga tope kunabaki palepale.

Kuunganisha waya kumruka mlinzi kwa sababu "anazima-zima moto". Nimezikuta mbili. Boila iliyokauka na moto unaendelea inaweza kuchoma nyumba. Mlinzi anayezima moto anakwambia jambo, msikilize.

Kupandisha shinikizo ili "joto lifike juu". Mvuke wa nyumbani unafika juu kwa nguvu ndogo sana, na geji ya boila ya nyumba ya kawaida isipite psi 2 (psi ni kipimo cha shinikizo). Shinikizo likizidi, linasukuma maji kutoka kwenye boila yaingie kwenye mabomba ya kurudia, na kioo kinashuka bila tone kuvuja popote.

Kufungua koki ya rejeta nusu. Katika nyumba ambayo kila rejeta ina bomba moja, koki hiyo iwe wazi kabisa au imefungwa kabisa. Ukiiweka nusu, maji yanashindwa kurudi, yanabaki ndani ya rejeta, na boila chini inalia njaa.

Ukikuta kioo kikavu

Zima swichi nyekundu. Usifungue koki ya maji. Ngoja saa kadhaa, mpaka uweze kuweka kiganja kwenye chuma chenyewe, pembeni mwa bati, bila kuungua. Nyumba ina joto lake, haitaganda kwa muda huo. Vaeni makoti, kusanyikeni chumba kimoja. Usiwashe jiko la gesi kupasha nyumba joto. Boila ikishapoa, ongeza maji kidogokidogo mpaka kwenye utepe, ukitazama sakafu. Maji yakionekana chini ya boila au kwenye chumba cha moto, imepasuka, acha hapo. Na kama moto ulikuwa bado unawaka ulipokuta kioo kitupu, mlinzi ameshindwa kazi: hata boila ikijaa vizuri, usiiwashe bila fundi.

Wenye boila ya maji moto

Kwenu hakuna usawa wa kusoma, kuna shinikizo. Mfumo wote umejaa maji, kuanzia boila hadi rejeta ya juu kabisa. Ikiwa imepoa, geji ya nyumba ya ghorofa mbili isome karibu psi 12. Nyumba ndefu zaidi inataka zaidi, kwa sababu psi moja inainua maji futi 2.3 tu. Ikiwa ya moto, hupanda, mara nyingi mpaka kati ya 18 na 25. Koki ya usalama hufunguka kwenye 30.

Ikisoma chini ya 10 na rejeta za juu ni baridi, maji yamepungua. Boila ikiwa imepoa, fungua koki ya kujazia taratibu mpaka ifike 12, funga, kisha toa hewa kwenye rejeta za juu kwa ufunguo wake mdogo mpaka maji yatoke, halafu soma tena geji. Ikiwa inapanda mpaka 30 na koki ya usalama inatema, tangi dogo la kupokea mtanuko huenda limejaa maji au utando wake umechanika. Ligonge kwa kidole: nusu ilie tupu, nusu izibe. Likiziba lote, libadilishwe. Koki ya usalama usiizibe hata kwa saa moja.

Matatizo na pa kuanzia

*Moto hauwaki kabisa.* Tazama kioo kwanza. Maji yakiwa chini, mlinzi amefanya kazi yake. Yakiwa sawa, angalia swichi nyekundu, huenda mtoto ameizima akidhani ni taa.

*Maji yanapanda bila kuongeza.* Weka utepe usiku moto ukiwa umezimwa, usome asubuhi. Yakiwa yamepanda, koki ya maji safi haifungi vizuri. Kama boila hiyohiyo inapasha maji ya kuoga, shuku pia bomba la shaba lililo ndani yake, likitoboka linaingiza maji taratibu.

*Yanapungua kila siku mbili tatu.* Pita kila rejeta ikiwa ya moto. Sikiliza kipumuo kinachoendelea kupumua mvuke hata rejeta ikishapata moto, tafuta unyevu kwenye shingo za koki, angalia dirisha lililolia jasho chumba kimoja tu. Kisha fuata mabomba ya kurudia huko chini. Yaliyofukiwa sakafuni huoza bila kuonekana. Mwisho toka nje utazame bomba la moshi. Likitoa wingu zito jeupe muda wote moto unapowaka, boila yenyewe huenda imetoboka juu ya usawa wa maji, na maji yanatoka kama mvuke kupitia dohani.

*Maji yanaruka ovyo kwenye kioo.* Maji ni machafu au yana mafuta juu yake. Hutokea sana baada ya bomba jipya kufungwa, maana mafuta ya kukatia nyuzi za bomba huingia ndani. Fundi ana namna ya kuyaengua juu, kama unavyoengua povu la maharage. Usitie sabuni wala dawa uliyopewa na jirani.

*Moto unazima na kuwaka kila dakika chache.* Maji yanachelewa kurudi. Angalia shinikizo, kisha mteremko wa rejeta: ile ya bomba moja iinamie upande wa koki yake. Kipande cha ubao chini ya miguu ya upande wa pili hutosha.

*Kioo kimepakaa kutu hakionyeshi kitu.* Kinatolewa na kusafishwa au kubadilishwa, boila ikiwa baridi na koki zote mbili za kioo zimefungwa. Washa zake za mpira zibadilishwe hapohapo, za zamani hazikubali kurudi.

*Koki ya usalama inadondosha maji, kengele ya kaboni monoksidi inalia, au kuna harufu ya gesi.* Haya si ya daftari. Kwa koki, zima boila na umwite fundi. Kwa kengele au gesi, toeni watu wote nje kwanza, msiguse swichi yoyote, mpige 911 mkiwa barabarani.

Ukimpigia fundi, mwambie mambo manne kwa mpangilio huu: mvuke au maji moto, kioo au geji inasoma nini sasa hivi, moto unawaka au umezima, na mara ya mwisho uliongeza maji lini. Mpigie picha kioo umtumie, tochi ikiwa nyuma yake.